Saumu ya Shufaa na Mihogo Yangu

Jamani, leo nimeadhirika. Tena kwa spika ya msikiti. Tena mimi mwenyewe ndiye niliyewaita watu waje kusikiliza.

Nawasimulia mapema kabla hamjasikia kwa wengine, maana Bungu ni barabarani, na basi lililopita jioni hii limeshachukua habari zangu kuzipeleka Lindi. (Sitanii. Lilikuwa limesimama linashusha abiria, madirisha yote wazi.)

Kwa wasionijua, mimi ni fundi wa kushona. Cherehani yangu iko barazani, hatua chache kutoka kwenye lami, na msikiti uko ng'ambo ya barabara. Nina watoto wawili. Shufaa ana miaka saba na mdomo wa mtu wa miaka arobaini. Mdogo wake, Mudi, ana miaka minne na anakula kama analipwa. Baba yao ananunua samaki Nyamisati, anaondoka alfajiri na kurudi jioni. Nyumba ya pili kutoka kwangu anakaa mama mkwe wangu, Bi Zainabu, ninayempenda na kumwogopa kwa kiasi kilekile.

Leo Jumamosi, hakuna shule. Tangu mwezi uandame Shufaa amekuwa akifunga zile funga za kitoto. Asubuhi amefunga, adhuhuri amefungua, anakula wali wa jana, anafuta mdomo, anafunga tena mpaka jioni, halafu anajihesabia mbili. Jana akatangaza mbele ya watu kwamba leo atafunga moja nzima, ya watu wazima, mpaka magharibi.

Bibi yake akacheka mpaka akashika mbavu. "Mwana weye! Adhuhuri haikukuti."

Wifi yangu, ambaye wala hakuwepo, habari zikamfikia huko Kibiti mjini, akaona atume ujumbe wa sauti. "Huyo mtoto kadekezwa na mama yake. Hawezi."

Hawezi? Mwanangu mimi? Damu ikanichemka. Nikasema huyu mtoto atafunga mpaka magharibi, hata kama itabidi nipande juu nikalivute jua kwa mikono yangu. Na akifunga, nitamrekodi akila tende, nimtumie wifi, bila maneno yoyote. Ile tende tu.

Sasa hapo kuna kitu kimoja. Mimi mwenyewe leo sikufunga.

Wanawake mmeshanielewa. Wanaume, msijifanye wageni. Tuna siku zetu, dini yenyewe imetupumzisha, tunakula, na baada ya Ramadhani tunalipa siku moja moja. Si dhambi. Si ugonjwa. Lakini kwetu huku mwanamke mwenye ruhusa ya Mungu anakula kama mwizi wa kuku. Anakula amechuchumaa. Anatafuna bila kutoa sauti. Anafuta midomo na ncha ya kanga, anatoka jikoni kwa unyonge kama mwenye njaa, na mtu akimuuliza saumu inaendaje anajibu, "Tunavumilia."

Na mwenye mtoto mdogo ana bahati, kwa sababu ana kisingizio. Mimi kisingizio changu ni Mudi. "Nampikia Mudi." Hiyo inaruhusiwa, hakuna wa kuuliza kwa nini jikoni kwako moshi unafuka saa sita. Tangu juzi Mudi anapikiwa mihogo ya kutosha mafundi wawili wa ujenzi, na mama mkwe anapita, anaitazama sufuria, anamtazama Mudi, anasema, "Mashaallah, mtoto anakula huyu." Anajua. Najua kwamba anajua. Maisha yanaendelea.

Asubuhi ilikwenda vizuri. Shufaa aliamka amevaa uso wa ucha Mungu. Alipiga mswaki bila kutia maji, akaniita nimkague ulimi. Halafu akaanza kutema mate. Jamani, mate! Mtu kamwambia kwamba ukimeza mate saumu inaingia dosari. Akawa anatema kila baada ya hatua tatu. Ametema uani, ametema barazani, ametema nusura kwenye dera la sikukuu la mteja. Nikamwambia, "Shufaa, mate yako mwenyewe hayafunguzi, meza tu." Akanitazama kwa mashaka. Akasema atamuuliza ustadhi.

(Hapa ningekuwa na akili ningejua kwamba huyu mtoto ni wa kupeleka mambo kwa ustadhi.)

Saa nne nikampa mawaidha. Hakuna aliyenituma. Nilikuwa napindisha upindo wa gauni, nikajisikia mlezi. Nikamwambia, "Mwanangu, saumu ni baina yako na Mungu. Ukijificha ukala, sisi hatukuoni, ila Yeye anakuona. Hata uingie uvunguni, anakuona. Hata ufunge mlango, anakuona."

"Hata jikoni?"

"Hata jikoni."

Nilisema hayo nikiwa nimeshakunywa chai saa tatu nyuma ya banda la kuku. Kwa uso mkavu kabisa. Kuku ni mashahidi.

Adhuhuri ikaadhiniwa. Bibi akapita kuchungulia kama mjukuu wake ameanguka. Hajaanguka. Ila alikuwa amelala chali kwenye sakafu ya sebuleni, mgongo umebanwa kwenye saruji upate kupoa, anahesabu mabati. Mudi naye, Mungu amweke, alikaa karibu yake akala ndizi mbivu taratibu, moja, akafuatisha ya pili, akilamba vidole.

Nikamfukuza Mudi. Nikakaa kumpepea Shufaa kwa kipepeo cha ukili. Macho yalikuwa yamemlegea, midomo imekauka, na mimi roho ikaanza kuniuma. Nikamwambia kwa sauti ndogo, "Mwanangu, ukishindwa si vibaya. Wewe bado mtoto. Mungu hajakulazimisha."

Akageuza kichwa. "Na wewe una njaa, mama?"

Ndugu zangu, hapo ndipo ilipokuwa njia panda yangu. Ningesema kweli pale pale, nisingekuwa naandika haya. Lakini nilimwonea aibu mtoto wa miaka saba. Nikasema, "Nina njaa sana."

Akaushika mkono wangu. "Basi tuvumilie wote."

Nilipepea nikiwa nimeangalia ukutani. Kama kuna mama aliyewahi kujiona mdogo kuliko sisimizi, mimi leo saa saba mchana nilijiona hivyo.

Mngedhani niliacha kula. Sikuacha. Aibu haishibishi, na nilikuwa na magauni manne ya kumaliza. Saa tisa kasoro Shufaa akahamia mkekani, akapitiwa na usingizi. Nikasubiri apumue vizuri. Nikanyata mpaka jikoni. Jiko letu ni kibanda cha makuti uani, mlango wake ni bati lisilo na komeo, kwa hiyo nikaliegemezea mbuzi ya kukunia nazi kwa ndani. Nikajiona nina ulinzi wa benki.

Mihogo ilikuwa ya nazi, imeiva ikapasuka, imekolea chumvi, na kipande cha samaki mkavu juu yake. Na chai ya maziwa kwenye kikombe kikubwa. Nikachuchumaa. Nikasema bismillahi. Kipande cha kwanza kikapita. Cha pili nilikuwa nacho mdomoni, shavu limevimba, na kikombe nakiinua, nikasikia bati linasukumwa.

Mbuzi ikaanguka. Ule ulinzi wangu wote, chini.

Shufaa akasimama mlangoni, nywele zimemsimama upande mmoja, alama za mkeka shavuni. Alikuwa ameamka kunitafuta. Akaniangalia. Akaiangalia sahani. Akaangalia kikombe. Akaniangalia shavu.

Unamweleza nini mtu hapo?

"Naonja chumvi," nikasema. Nilisema na muhogo mdomoni, kwa hiyo haikutoka vizuri.

(Kuonja kwa anayepika kunaruhusiwa, kwa ncha ya ulimi, unatema. Shufaa anajua. Mimi ndiye niliyemfundisha.)

"Na chai nayo unaionja chumvi?"

"Nenda ukanawe uso, muda wa madrasa umefika."

"Mama, unatafuna."

"Shufaa! Nenda ukanawe uso."

Hakulia. Hakupiga kelele. Angelia ningejua la kufanya. Aliiokota mbuzi, akaisimamisha vizuri ukutani, akatoka. Nikasikia maji ya kopo, nikasikia anamwambia Mudi, "Usiende jikoni, mama ana mambo yake." Halafu akavaa juba lake jeupe, akachukua juzuu yake, akavuka barabara kwenda madrasa kabla hata ya wenzake. Nilibaki nimechuchumaa pale na ule muhogo, hauendi mbele, haurudi nyuma.

Kitu nilichoogopa ni kimoja tu: kwamba atamwambia bibi yake, na lile tunalolijua kimyakimya lisemwe kwa sauti. Nikaenda kwa mama mkwe nikijidai naazima kifuniko cha sufuria. "Shikamoo mama. Shufaa kapita hapa?"

"Marahaba. Hajapita. Kafungua?"

"Bado kafunga."

"Eh!" Akashangaa kweli. "Basi yule kachukua kwa upande wetu."

Hajaambiwa kitu. Nikarudi na kifuniko nikishukuru. Nikasema nikimaliza kushona nitamweka Shufaa chini, nimweleze taratibu, tukiwa wawili tu. Mipango ilikuwa mizuri sana.

Sasa, msikiti wetu una desturi. Kila jioni ya Ramadhani, kabla ya magharibi, watoto wa madrasa wanasoma kwa zamu kwenye spika. Mtoto anasoma sura fupi, akimaliza ustadhi anamwambia, "Haya, omba dua moja," naye anaomba, na wote waliomo msikitini wanaitikia amina. Mmoja anamwombea babu apone goti. Mwingine anaomba mvua. Juzi kuna aliyeomba baiskeli. Ni kitu kitamu, mnapika futari huku mnasikiliza, kila mama anasubiri sauti ya wake.

Saa kumi na mbili na dakika chache, ustadhi akakohoa kwenye spika. "Na sasa tunamleta mwanafunzi wetu Shufaa binti Salumu, mtoto wa yule fundi wa nguo hapo ng'ambo ya barabara. Na leo, waumini, amefunga saumu yake ya kwanza kamili!"

Mimi huyo! Nilisimama mpaka kiti kikaanguka. Nikasahau mihogo, nikasahau jiko, nikasahau kila kitu. Barazani palikuwa na Mama Tatu, jirani yangu, amekuja kupima gauni, na wateja wengine wawili. Nikawanyamazisha kwa mikono miwili. "Sikilizeni! Mwanangu huyo! Mwanangu!" Nikamtuma Mudi mbio akamwite bibi. Bibi akaja na mwiko mkononi. Nikawapigia kelele vijana wa bodaboda waliopaki ng'ambo chini ya kibao cha kituo, "Zimeni hizo injini, msikilize Kurani!" Wakazima. (Wakazima, jamani. Siku nyingine hawanisikii hata nikitaka kupanda.) Nikampigia simu Baba Shufaa, alikuwa njiani anarudi. Nikainua simu juu kuelekea msikitini ili asikie. Na kwenye simu ya Mama Tatu nikawasha kurekodi, nije nimtumie wifi.

Nani mwingine nimwite? Kama ningekuwa na tarumbeta ningepuliza.

Shufaa akasoma. Akasoma Kulhuwallahu, sauti nyembamba, imesimama, hakukosea hata kidogo. Machozi yakanitoka. Bi Zainabu akasema, "Mashaallah, mashaallah," anatikisa mwiko. Mama Tatu akanibana bega.

"Vizuri sana," ustadhi akasema. "Haya mwanangu, omba dua yako moja."

 Tukamsikia anapumua kwenye spika.

"Ewe Mola wetu. Msamehe mama yangu."

Mama Tatu akasema, "Ooh, anakuombea wewe!"

"Leo mchana amekula mihogo."

Mkono wa Mama Tatu ukaondoka begani kwangu.

"Vipande viwili nimeviona mimi, vingine sijui. Na chai ya maziwa. Amesema anaonja chumvi lakini alikuwa anatafuna. Ewe Mola wetu, usimtie motoni mama yangu, kwa sababu ndiye anayetushonea nguo na ndiye anayemwogesha Mudi. Na saumu yangu ya leo, nikiifikisha, nampa yeye. Amin."

"AMIIIN!" Msikiti mzima. Watoto wameivuta, wazee wameitikia kwa mazoea kabla akili hazijafika. Na kutoka kwenye basi, naapa, kuna abiria naye aliitikia.

Nilitamani ardhi ya Bungu ipasuke. Haikupasuka. Ni mchanga huu, hata kuchimba choo kunasumbua.

Mngedhani imeishia hapo. Ustadhi wetu ni mtu mwema, Mungu amlipe, akaona aniokoe. Angezima spika angeniokoa. Hakuzima. Akakohoa, akasema, "Ehem. Waumini. Ieleweke kwamba mama huyu hana kosa. Mwanamke anaweza kuwa na udhuru. Udhuru wa kisheria. Wanawake wana siku zao za kila mwezi, na katika siku hizo..."

Akaeleza. Jamani, alieleza! Ustadhi wetu akianza jambo hakatishi. Akataja uchache wa siku zenyewe, akataja wingi wake, akataja namna ya kulipa, akanukuu kwa Kiarabu, akatafsiri. Halafu, ili lisibaki shaka lolote, akamalizia, "Kwa hiyo mama Shufaa, fundi wa nguo hapo ng'ambo, asidhaniwe vibaya."

Hapo sasa waliokuwa hawajui ni mama gani wakajua. Wakajua na siku zangu.

Kwenye simu, ambayo mkono wangu ulikuwa bado umeishikilia juu hewani, nikasikia sauti ndogo. "Haloo? Mama Shufaa? Wamesema mihogo?"

"Uko wapi?" nikamuuliza.

"Niko kwenye bajaji. Nilikuwa nimeweka sauti kubwa wenzangu wasikie Kurani. Tuko wanne na dereva."

Nikakata.

Nikageuka barazani. Mama mkwe anautazama mwiko wake. Wateja wawili wanazitazama nyuzi chini. Upande wa pili vijana wa bodaboda wameinama wote kwa pamoja, mabega yanatikisika, mmoja amejifunika uso kwa kofia ya chuma. Na yule mmoja ambaye siku zote hana adabu akapaza sauti, "Mama Shufaa! Mihogo imebaki?"

Na hapo, wapendwa, kuna kitu kikanipanda kutoka kwenye nyayo.

Nimeiba? Nimemvunjia nani saumu yake? Nimezaa watoto wawili, nimekanyaga cherehani tangu asubuhi, nimekaa Ramadhani kumi na tatu kwenye ndoa hii nikila nyuma ya banda kama mwenye kutafutwa na polisi, kwa kitu ambacho Mungu mwenyewe kanipa ruhusa! Nikaifuata ile lami, nikasimama kando yake, mikono kiunoni.

"Imebaki!" nikamjibu. "Imebaki sufuria nzima! Na mama yako naye alikula, ndiyo maana ukapata nguvu za kuniuliza! Nenda kamuulize alikuwa anakulia wapi!"

Wenzake wakamzomea mpaka akawasha pikipiki akaondoka bila abiria. Basi nalo likaondoka. Dirishani kuna mama wa makamo alinipungia mkono, nikampungia.

Nikarudi barazani kichwa juu. Mama Tatu akanivuta pembeni, akanong'ona, "Wewe afadhali. Miye nimekula ugali na dagaa bafuni. Nimesimama."

"Leo?"

"Leo." Akageuka huku na huku. "Na juzi."

Nilicheka mpaka nikakaa chini.

Shufaa akavuka barabara na juzuu yake kifuani, akitembea kwa fahari kama mtu aliyefanya jambo kubwa kwa familia. Akaja moja kwa moja kwangu. "Mama, usiogope tena. Wamesema amina wengi."

Ningemfanyaje? Nilikuwa nimejiandaa kumfokea.  Nikamkumbatia na juzuu yake na jasho lake.

Baba yao akafika, anajikaza asicheke, mashavu yamemjaa. Tukatandika mkeka uani: uji wa pilipili manga, tambi, kunde, samaki, na ile mihogo iliyobaki, niliyoileta mwenyewe nikaiweka katikati. Bibi akaja kufuturu kwetu. Adhana ikalia. Kila mtu akachukua tende.

Shufaa akachukua yake. Hakuila. Akaishika kiganjani, anaitazama. Midomo ilikuwa imepauka kwa njaa.

"Fungua, mama," baba yake akamwambia. "Umeshinda. Umemaliza."

"Siyo yangu." Akaninyooshea ile tende. "Nimempa mama. Yeye ndiye afungue."

Hapo kicheko cha baba yake kikaisha. Bibi akageuzia uso ukutani. Na mimi ikanijia kwamba huyu mtoto ameshinda na njaa siku nzima, saa zake zote tangu alfajiri, halafu ametoa zote, asibaki na hata moja, ili mimi nisiungue. Kwa sababu ya uongo wa chumvi.

Nikasema pale pale, mbele ya mama mkwe, mbele ya mume, sikunong'ona. "Shufaa, mama hakufanya dhambi ya kula. Wanawake wakubwa tuna siku chache kila mwezi ambazo Mungu ametuambia tusifunge. Leo ni siku yangu. Na wewe ukikua utakuwa nazo. Kosa langu ni kwamba nilikuambia nina njaa, na nilikuambia naonja. Hilo ni kosa, na nisamehe."

Akafikiri. "Mungu alikuruhusu?"

"Aliniruhusu."

"Sasa mbona ulijificha?"

Tukatazamana watu wazima watatu.  Baba Shufaa akaanza kuutafuta mwiba kwenye samaki ambaye bado hajamgusa.

Aliyejibu ni Bi Zainabu. "Tulifundishwa hivyo, mjukuu wangu. Miye enzi zangu kule bondeni nilikuwa nakula juu ya dungu, shambani kwenye mpunga, nikimwambia babu yako nawinga ndege." Akatafuna tende yake. "Ndege wenyewe walikuwa hawaondoki. Walikuwa wanasubiri makombo."

Baba Shufaa aliondoka kwenye mkeka akaenda kuchekea nyuma ya nyumba. Shufaa hakucheka. Alikuwa na hesabu zake.

"Kwa hiyo mama hukuwa na haja ya saumu yangu?"

"Sikuwa na haja nayo, mwanangu."

"Basi nirudishie."

"Nakurudishia."

"Yote?"

"Yote, na asubuhi yake na jioni yake."

Akaitia ile tende mdomoni nzima nzima. Akafumba macho. Halafu akala, jamani, akala! Uji vikombe viwili, tambi, samaki kichwa na mkia, na ile mihogo akaimaliza yeye, Mudi akabaki analia. Katikati ya kula akasimama, mdomo umejaa, akakumbuka kitu.

"Na ile dua?"

"Hiyo sirudishi," nikamwambia. "Hiyo nabaki nayo."

Sasa hivi amelala na juba lake, amekataa kulivua. Kesho nitakula mchana jikoni kwangu, nimekaa kwenye kigoda, bati liko wazi. Mnaotaka kucheka chekeni, nawaona mnavyojikaza. Ila mjue mnamcheka mwanamke pekee hapa Bungu aliyeombewa msamaha wa mihogo na msikiti mzima, pamoja na basi moja la Lindi.